Bei zavuka mpaka, hisa zabaki

Mfanyabiashara wa nafaka anayenunua mahindi Kibaigwa, mkoani Dodoma, na kuyauza Nairobi hahitaji kufundishwa kanuni za soko. Bei ikiwa chini upande mmoja na juu upande wa pili, anatafuta lori, anashughulikia vibali, anapita Namanga na kushusha mzigo kwa mnunuzi wake. Wenzake wakisikia kuna faida, nao huingia barabarani. Mahindi yakijaa Nairobi bei hushuka, yakipungua Kibaigwa bei hupanda, na baada ya muda tofauti inayobaki ni nauli, gharama za mpakani na jasho la msafirishaji.

Sasa chukulia kuna soko Arusha ambalo kila asubuhi linabandika ubaoni bei ya mahindi ya Nairobi, lakini sokoni penyewe hakuna gunia hata moja. Mnunuzi anakuja, anasoma bei, anaondoka mikono mitupu. Mwenye gunia lake moja naye anakuja, anasoma bei, hapati wa kumuuzia.

Hivyo ndivyo ilivyo kwa sehemu kubwa ya hisa ambazo zimeorodheshwa katika nchi zaidi ya moja za Afrika Mashariki. Bei ya kampuni ya Kenya iliyopatikana Nairobi hubadilishwa kuwa shilingi ya Tanzania au ya Uganda na kuandikwa kwenye ubao wa Dar es Salaam au Kampala. Hisa zenyewe mara nyingi hazibadilishani mikono huko. Kuna wiki, na hata miezi, ambapo kaunta ya kampuni kubwa ya Kenya inaonekana ubaoni Dar es Salaam bila hisa hata moja kununuliwa.

Hali hii imezoeleka kiasi kwamba masoko yenyewe yamejiwekea njia ya kuikwepa katika hesabu. Soko la Hisa la Dar es Salaam, DSE, lina kiashiria cha kampuni zote na kingine cha kampuni za Tanzania peke yake. Kampala nako kuna kiashiria cha jumla na kingine cha kampuni za nyumbani. Bila kutenganisha hivyo, mtu angeweza kusikia redioni kwamba soko la Kampala limepanda leo, kumbe kilichopanda ni bei za Nairobi.

Kwa mfanyabiashara wa mpakani jambo hili si la wataalamu wa fedha tu. Benki anayowekea mauzo yake, kampuni ya simu inayopitisha malipo yake na kiwanda kinachotengeneza bia anayoisambaza huenda vyote ni kampuni ambazo hisa zake ziko sokoni. Kila siku anazichangia faida akiwa mteja. Kinachobaki ni kujua kama anaweza pia kuwa mmoja wa wenye kampuni hizo akiwa upande wake wa mpaka, na kama siku akihitaji fedha zake ataweza kuzitoa.

UBAO MMOJA UKAWA MINNE

Zamani ubao ulikuwa mmoja. Soko la Nairobi lilianzishwa rasmi mwaka 1954 kama chama cha hiari cha madalali wa hisa, na katika miaka hiyo lilihudumia Kenya, Uganda na Tanganyika kwa pamoja. Nchi hizo zilikuwa zikitumia sarafu moja, na aliyekuwa Kampala aliweza kumiliki hisa za kampuni ya Nairobi bila kuuliza habari za kubadilisha fedha.

Siasa zikabadilika. Februari 1967 Tanzania ilitangaza Azimio la Arusha, na benki pamoja na kampuni kubwa zikawa mali ya umma. Mwaka 1970 Rais Milton Obote wa Uganda alitangaza kwamba serikali itachukua asilimia 60 ya kampuni kubwa za nchi hiyo. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ya kwanza ikavunjika. Nairobi ikabaki na soko lililokuwa la kanda lakini sasa lina kampuni za nchi moja.

Masoko mapya yalikuja baada ya serikali kuanza kubinafsisha mashirika. DSE ilisajiliwa mwaka 1996 na kuanza biashara Aprili 1998, kampuni ya kwanza ikiwa TOL, watengenezaji wa gesi za viwandani. Kampala ilifungua soko lake Januari 1998, na bidhaa yake ya kwanza haikuwa hisa bali hatifungani ya Benki ya Maendeleo ya Afrika Mashariki. Kigali ilianza mwaka 2008 na soko dogo la mauzo ya moja kwa moja baina ya madalali, kisha Januari 2011 ikazindua soko kamili kwa hisa za kampuni ya vinywaji ya Bralirwa.

Kwa hiyo kanda iliyokuwa na ubao mmoja sasa ina minne, tena isiyolingana. Nairobi ina kampuni zaidi ya 60. Dar es Salaam haifiki 30, Kampala haifiki 20, na Kigali ina takriban 10. Kila soko lina sheria zake, mamlaka yake ya usimamizi, kituo chake cha kutunza kumbukumbu za wanahisa na sarafu yake.

JINA UBAONI SI MNUNUZI

Njia ya kwanza iliyotumika kuyaunganisha masoko haya ilikuwa kuorodhesha kampuni moja katika nchi zaidi ya moja. Kampuni ya bia ya East African Breweries ilifungua njia kwa kuingia Kampala mwaka 2001. Kenya Airways ilifuata Kampala mwaka 2002 na Dar es Salaam mwaka 2004. Baadaye zikaja Jubilee, Nation Media Group, benki ya KCB na maduka ya Uchumi. KCB iliingia Kampala na Dar es Salaam mwaka 2008, kisha Kigali mwaka 2009, na hivyo jina lake likasomeka katika nchi nne.

Zilikuwapo pia safari za kuelekea Nairobi. Kampuni ya kusambaza umeme ya Uganda, Umeme, iliuza hisa zake Kampala mwaka 2012 na mwaka huohuo ikaorodheshwa Nairobi. Bank of Kigali ilifanya hivyo mwaka 2018.

Kila uzinduzi ulikuwa na kengele, hotuba na picha. Ila kampuni inapoorodheshwa katika soko la pili bila kuuza hisa mpya huko, hakuna hisa zinazohama. Wanahisa waliokuwapo wanabaki walipo, na majina yao yanabaki katika daftari la nchi ya nyumbani. Soko la pili linapata jina na bei, lakini halipati wauzaji.

Mfanyabiashara anaelewa haraka jambo hili. Kibanda kinaweza kuandikwa jina kubwa na kupakwa rangi nzuri, lakini kama bidhaa iko kwenye ghala la mji mwingine na hakuna gari la kuileta, mteja atapita tu. Wateja wakipita mara mbili mara tatu, hawarudi. Na wateja wasiporudi, hata yule aliyekuwa na bidhaa kidogo ya kuuza anaipeleka kwingine.

Sheria hazizuii hisa kuhamishwa kutoka daftari la Dar es Salaam kwenda la Nairobi. Mwanahisa anajaza fomu kwa dalali wake, kituo cha kumbukumbu cha nchi moja kinawasiliana na cha nchi nyingine, hisa zinafutwa huku na kuandikwa kule. Tatizo ni muda, karatasi na gharama. Wakati fomu zinatembea, bei aliyoitamani inaweza kuwa imeshapita.

HESABU YA MBEBA HISA

Hesabu ya mfano inaonyesha kwa nini hakuna anayebeba hisa kama anavyobeba mahindi. Chukulia mwanahisa wa Dar es Salaam ana haraka ya fedha na yuko tayari kuuza kwa Sh1,000 za Tanzania hisa ambayo Nairobi inauzwa kwa kiasi kilicho sawa na Sh1,050. Tofauti ni asilimia 5. Kwa muuza nguo au mahindi hiyo ni faida ya kufunga safari.

Mnunuzi anachukua hisa 1,000 kwa Sh1,000,000. Dalali na tozo za soko, tuseme asilimia 2, ni Sh20,000. Ametoa Sh1,020,000. Anahamishia hisa Nairobi na kuziuza kwa thamani ya Sh1,050,000. Huko nako asilimia 2 inaondoka, yaani Sh21,000, zinabaki Sh1,029,000. Fedha hizo ziko katika shilingi ya Kenya, na kuzirudisha kuwa shilingi ya Tanzania benki au mbadilisha fedha anachukua, tuseme, asilimia 1.5, ambayo ni Sh15,435. Mkononi anapata Sh1,013,565.

Amepata hasara ya Sh6,435, na hapo ada ya kuhamisha hisa haijahesabiwa wala siku alizosubiri. Kwa utaratibu uliozoeleka, malipo ya hisa zilizouzwa hukamilika siku tatu za kazi baada ya mauzo. Ukijumlisha na siku za kuhamisha daftari, mtaji umelala kwa muda ambao ungetosha kuzungusha mzigo mwingine.

Sarafu nayo ina hatari yake. Mwanzoni mwa mwaka 2024 dola moja ya Marekani ilikuwa ikinunuliwa kwa takriban Sh160 za Kenya. Miezi michache baadaye ilikuwa imeshuka hadi karibu Sh130. Aliyekuwa na hisa za Nairobi wakati huo alipata faida ya sarafu hata kama bei ya hisa haikutikisika. Aliyeziuza miezi ya mwanzo, shilingi ilipokuwa imelala, alikosa faida hiyo ingawa hakukosea lolote kuhusu kampuni. Anayefanya biashara ya mpakani amezoea kamari hii kwenye mitumba na vitenge, lakini huko anaibeba kwa siku chache. Mwenye hisa anaibeba kwa miaka.

WAKUBWA HAWANGOJI

Kuna wanaovuka bila kungoja masoko yaunganishwe. Mwaka 2024 kundi la Amsons la Tanzania liliwapa wanahisa wa Bamburi Cement, kampuni iliyoorodheshwa Nairobi, ofa ya Sh65 za Kenya kwa kila hisa. Hadi mwaka unaisha lilikuwa limekwisha kuimiliki kampuni hiyo kwa zaidi ya asilimia 96. Benki za KCB na Equity nazo zimevuka kwa njia yao, kwa kununua benki na kufungua matawi katika nchi jirani.

Mnunuzi mwenye mabilioni ana mawakili wa nchi mbili, ana benki inayompa bei nzuri ya kubadilisha fedha, na gharama ya fomu kwake ni chembe. Asilimia 2 huku na asilimia 2 kule hazimzuii, kwa sababu hanunui ili auze kesho. Ananunua kiwanda.

Anayezuiwa ni mwenye milioni moja au tano. Huyo ndiye anayehitaji daraja la pamoja, kama vile kituo cha pamoja cha forodha kinavyomfaa zaidi mwenye mzigo mdogo kuliko kampuni kubwa yenye wakala kila mpaka. Kituo cha Busia kilipozinduliwa rasmi Februari 2018, na kile cha Namanga Desemba mwaka huohuo, kilichobadilika ni kwamba msafiri husimama mara moja badala ya mbili. Hisa bado zinasimama mara mbili.

NAIROBI IKIFUNGA, WOTE WAFUNGIWA

Kutegemea ubao wa jirani kuna gharama nyingine inayoonekana siku ya shida. Julai 2020 biashara ya hisa za Kenya Airways ilisimamishwa wakati Serikali ya Kenya ilipokuwa na mpango wa kulichukua shirika hilo. Hisa hizo hazikurudi sokoni hadi Januari 2025. Kwa zaidi ya miaka minne, mwanahisa wa Dar es Salaam au Kampala hakuwa na mahali pa kuuza. Uamuzi ulihusu muswada wa bunge la nchi nyingine, na yeye alikuwa amenunua katika soko la nchi yake.

Uchumi ni mfano mwingine, na wafanyabiashara waliokuwa wakipeleka bidhaa kwenye maduka hayo wanaukumbuka. Jina lake lilikuwa kwenye mbao za nchi nne. Oktoba 2015 kampuni ilifunga maduka yake ya Uganda na Tanzania. Kuorodheshwa katika nchi nne hakukumaanisha kwamba msambazaji wa Kampala angejua hali ya hesabu zake mapema kuliko mtu mwingine yeyote.

Hapa ndipo ushirikiano wa masoko unapomgusa hata asiyemiliki hisa. Kampuni iliyoorodheshwa inalazimika kutoa hesabu zake hadharani na kutoa onyo pale faida inapotarajiwa kushuka sana. Tangazo hilo likitolewa Nairobi linapaswa kufika Kampala, Dar es Salaam na Kigali saa ileile, kwa lugha inayoeleweka. Msambazaji anayekopesha duka kubwa mzigo wa siku 60 anahitaji habari hiyo kama mwanahisa anavyoihitaji.

KAZI ILIYOFANYIKA

Si kwamba wahusika wamelala. Mamlaka za masoko ya mitaji za Kenya, Uganda na Tanzania zilitiana saini makubaliano ya ushirikiano mwaka 1997, kabla hata DSE na soko la Kampala havijaanza kuuza hisa. Masoko yenyewe yaliunda umoja wao mwaka 2004, na Rwanda ikajiunga baadaye. Itifaki ya Soko la Pamoja la Afrika Mashariki, iliyoanza kutumika Julai 1, 2010, inataja wazi uhuru wa mitaji kuvuka mipaka pamoja na watu na bidhaa.

Tanzania, iliyokuwa na masharti makali kuliko jirani zake, ililegeza mwaka 2014 kwa kuwaruhusu wakazi wa nchi za Jumuiya kuwekeza katika dhamana zake, ingawa hatifungani za serikali ziliwekewa kiwango maalumu. Mwaka 2017 lilitokea funzo lililoonekana na wote. Vodacom Tanzania iliuza hisa kwa umma kwa Sh850 kila moja, awali kwa Watanzania peke yao, kwa sababu sheria ilizitaka kampuni za simu ziuze asilimia 25 kwa wananchi. Wanunuzi wa ndani hawakutosha. Sheria ikarekebishwa, wawekezaji kutoka nje wakaruhusiwa, na Agosti mwaka huo kampuni ikaorodheshwa.

Uganda ilipouza hisa za MTN mwaka 2021, kwa Sh200 za Uganda kila moja, wananchi wa Afrika Mashariki walihesabiwa tangu mwanzo kuwa miongoni mwa wanunuzi, na maombi yalipokelewa hata kwa simu.

Kilichokuwa kigumu zaidi ni kuunganisha mitambo. Mradi wa Jumuiya wa miundombinu ya masoko ya mitaji, uliopata msaada wa Benki ya Dunia, ulikusudia dalali wa Kampala aweze kutuma agizo la kununua hisa Dar es Salaam au Kigali kupitia kompyuta yake, na mteja wake abaki na akaunti yake ya nyumbani. Mradi ulichelewa kwa miaka. Ulipofikia hatua ya kuunganisha, ulianza na Tanzania, Uganda na Rwanda, na Nairobi, soko kubwa kuliko yote, ikawa nje.

Nairobi kwa upande wake imo katika mradi mwingine. Mwishoni mwa mwaka 2022 Umoja wa Masoko ya Hisa ya Afrika na Benki ya Maendeleo ya Afrika ulizindua mtandao unaounganisha masoko saba: Johannesburg, Nigeria, Misri, Casablanca, Mauritius, Nairobi na lile la Abidjan. Katika mtandao huo dalali wa nchi moja hutuma agizo kwa dalali mwenzake wa nchi nyingine. Kwa hiyo dalali wa Nairobi ameunganishwa na Casablanca kwa mtambo mmoja, na mwenzake wa Dar es Salaam ameunganishwa na Kigali kwa mtambo mwingine, wakati barabara ya Namanga, ambayo malori huipita usiku na mchana, ndiyo ambayo haina mtambo.

FUNZO LA ABIDJAN

Afrika Magharibi ilichagua njia nyingine. Nchi nane zinazotumia faranga moja, kuanzia Senegal na Mali hadi Togo na Benin, zina soko moja la hisa lenye makao yake Abidjan, Côte d'Ivoire. Lilianza kazi mwaka 1998, mwaka uleule wa Dar es Salaam na Kampala. Mnunuzi wa Lomé hanunui fedha za kigeni kabla ya kununua hisa ya kampuni ya Dakar. Sarafu ni moja, daftari ni moja, na msimamizi ni mmoja.

Afrika Mashariki haina sarafu moja. Itifaki ya Umoja wa Fedha ilitiwa saini Kampala Novemba 2013, na lengo lilikuwa sarafu ya pamoja ifikapo mwaka 2024. Lengo hilo limesogezwa hadi 2031. Kila serikali pia inalitazama soko lake la hisa kama mali ya taifa, na hofu ya masoko madogo kumezwa na Nairobi haijawahi kuondoka mezani.

Hata hivyo si lazima kungoja sarafu moja ndipo mengine yafanyike. Tangu mwaka 2013 benki kuu zimeanza kuunganisha mifumo yao ya malipo ili shilingi na faranga za kanda zilipane bila kupitia dola. Mfumo huo ukitumika pia kulipia hisa, sehemu ya ile asilimia 1.5 ya mfano wa hapo juu ingepungua. Mamlaka za usimamizi nazo zikikubali leseni ya dalali iliyotolewa na mwenzao, mteja angelipia dalali mmoja badala ya wawili.

Kodi ni eneo lingine lenye nusu ya kazi. Kwa sheria zilivyo, Kenya humkata raia wa nchi ya Jumuiya asilimia 5 ya gawio, sawa na mkazi wake, wakati mgeni wa mbali hukatwa asilimia 15. Lakini mkataba wa Jumuiya wa kuzuia mapato yaleyale kutozwa kodi mara mbili, uliosainiwa mwaka 2010, umekwama kwa sababu si nchi zote zilizouridhia. Mwenye gawio anaweza kukatwa huko lilikotoka kisha akaulizwa tena nyumbani.

CONGO INAINGIA BILA UBAO

Jumuiya yenyewe imepanuka kuliko masoko yake. Jamhuri ya Kidemokrasia ya Congo, iliyojiunga mwaka 2022, haina soko la hisa. Lakini mfanyabiashara wa Lubumbashi au Bukavu anayeweka fedha zake EquityBCDC au TMB tayari ni mteja wa benki ambazo kampuni mama zake, Equity na KCB, ziko kwenye ubao wa Nairobi. Amana zake zinasaidia kutengeneza faida inayogawanywa kwa wanahisa.

Kwa mtu kama huyo hakuna soko la nyumbani la kuanzia. Njia yake ni kufungua akaunti kwa dalali wa nchi jirani, kwa pasipoti yake na akaunti ya benki itakayopokea gawio. Kadiri masoko manne yatakavyochelewa kuungana, ndivyo nchi mpya za Jumuiya zitakavyoshawishika kuanzisha mbao zao wenyewe, na kazi ya kuunganisha itakuwa ya masoko mengi zaidi.

KABLA YA KUTOA FEDHA

Wakati daraja linajengwa, wapo wafanyabiashara ambao tayari wana hisa za upande wa pili na wengine wanaofikiria kununua. Yapo mambo ya kumuuliza dalali mwenye leseni kabla ya kulipa.

La kwanza ni daftari. Hisa zitaandikwa katika kituo cha nchi gani? Kama kampuni ni ya Kenya na hisa zitaandikwa Dar es Salaam, aulize mara ya mwisho hisa hizo ziliuzwa lini Dar es Salaam, na zilikuwa ngapi. Jibu hilo litamwambia zaidi kuliko bei iliyo ubaoni.

La pili ni njia ya kutoka. Siku akitaka kuuza, dalali wake ana mwenzake Nairobi, Kampala au Kigali? Kuhamisha daftari kutachukua siku ngapi, na kwa ada gani? Anayepewa jibu la kusitasita ajue kwamba siku ya haraka atauza kwa hasara.

La tatu ni gharama zote kwa pamoja: dalali, tozo za soko, kubadilisha fedha kwenda na kurudi, na kodi ya gawio. Atoe jumla hiyo kwenye faida anayoitarajia ndipo aamue. Kwa mwenye mtaji wa kuzungusha kila wiki, mara nyingi hesabu itamwambia kwamba hisa za jirani si mahali pa fedha ya biashara, bali ni mahali pa akiba isiyoguswa kwa miaka.

La nne ni gawio lenyewe litalipwa wapi. Gawio lililotumwa kwenye akaunti iliyofungwa au anwani ya zamani halirudi lenyewe. Kenya ina mamlaka maalumu, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2011, inayopokea fedha zisizodaiwa na wenyewe, magawio yakiwamo. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na hisa za nchi nyingine hupotea upesi zaidi mwenyewe akifariki, kwa kuwa warithi hawajui hata dalali ni nani. Nakala ya taarifa ya akaunti ya hisa inafaa ikae pamoja na hati ya shamba na kadi ya gari, na mtu wa nyumbani ajue ilipo.

Wasimamizi wa masoko wana deni lao pia. Kwa miaka mingi mafanikio ya ushirikiano yamepimwa kwa idadi ya kampuni zilizoorodheshwa nchi mbili au tatu na kwa idadi ya makubaliano yaliyosainiwa. Kipimo ambacho mfanyabiashara wa Namanga, Busia au Rusumo angekielewa ni kingine: hisa ngapi zilizonunuliwa Dar es Salaam mwezi huu zilitoka kwa muuzaji wa Nairobi, zilichukua siku ngapi kufika, na mwenye milioni moja alibakiwa na shilingi ngapi baada ya kila mtu kukata chake. Takwimu hizo zikianza kuchapishwa kila mwezi kando ya viashiria vya soko, itajulikana kama hisa nazo zimeanza kupita.